Hukumu ya Deni na Njia ya Kulipa kwa Mafungu

Siku hakimu anaposoma hukumu ya deni, pande zote mbili mara nyingi hutoka nje ya korti na fikira zisizo sahihi. Aliyeshinda hudhani kwamba fedha zimekwisha kuingia mfukoni mwake. Aliyeshindwa hudhani kwamba akirudi shambani na kukaa kimya, mambo yatapoa na kusahauliwa. Wote wawili wamekosea. Hukumu ni karatasi tu mpaka fedha zilipwe. Wala karatasi hiyo haizeeki upesi, kwa sababu sheria ya Kenya humpa mshindi miaka 12 ya kuitekeleza.

Iko njia nyingine, ambayo wakulima na makarani wengi hawaijui, au huambiwa habari zake wakati dalali amekwisha kusimama mlangoni. Njia hiyo ni kuiomba korti iamuru deni lilipwe kidogo kidogo, kwa mafungu yaliyopangwa na kwa tarehe zilizotajwa. Wengine huyaita mafungu hayo awamu. Yafaa kila mwenye shamba, ng'ombe au mshahara aielewe njia hiyo kabla hajaihitaji, kwani dawa ya deni ni kulipa, na dawa nyingine huponya vizuri zaidi ikinywewa kwa kipimo.

Jambo lenyewe si geni. Tangu zamani wazee walipokaa barazani na kumhukumu mtu alipe mbuzi au ng'ombe, hawakumtaka kila mara aondoe zizi lote siku moja. Walitazama mvua, mavuno na watoto wa mtu huyo, wakaamuru hiki sasa na kile baadaye, mbele ya mashahidi. Baraza zilipofuatwa na korti za Kiafrika zilizowekwa na sheria ya mwaka 1951, na korti hizo nazo zilipoondolewa na Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya mwaka 1967, busara hiyo haikupotea. Leo imeandikwa katika Kanuni za Mwenendo wa Mashauri ya Madai za mwaka 2010, Agizo la 21, kanuni ya 12.

Kanuni hiyo inataja nyakati mbili. Wakati wa kwanza ni pale pale hukumu inapotolewa: hakimu akiona sababu ya kutosha, anaweza kuamuru malipo yaahirishwe au yatolewe kwa mafungu, pamoja na riba au bila riba. Wakati wa pili ni baada ya hukumu: mdeni mwenyewe anaweza kupeleka ombi. Mdai akikubali, kazi huwa nyepesi. Mdai akikataa, korti bado ina uwezo wa kutoa amri hiyo, mradi mdeni aonyeshe sababu ya kutosha. Korti pia inaweza kuweka masharti yake, kama vile riba, dhamana, au mali fulani kubaki imeshikwa mpaka deni liishe.

Hapa ndipo watu wengi wanapojikwaa. Wao husimama mbele ya hakimu na kusema, "Sina fedha," wakidhani kwamba neno hilo pekee latosha. Halitoshi. Mwaka 1959 ilichapishwa katika vitabu vya hukumu za Afrika Mashariki hukumu moja ambayo majaji wa Kenya wanaendelea kuitegemea. Hukumu hiyo ilieleza kwamba kushindwa kulipa deni lote kwa mara moja si sababu ya kutosha peke yake. Kila shauri litazamwe kwa hali yake. Mdeni aonyeshe nia njema kwa kulipa upesi sehemu ya haki ya deni lake. Taabu ya mdeni inaweza kufikiriwa, lakini swali kubwa ni hili: je, aweza kuhurumiwa bila kumdhulumu mdai kupita kiasi?

Kwa maneno mengine, kulipa kwa mafungu si haki anayozaliwa nayo mdeni. Ni hisani ya korti, na hisani hupewa mtu aliyejitayarisha. Hakimu hutazama deni lilikujaje, mdeni alifanya nini tangu alipodaiwa, ana mali gani na mapato gani, na amekuja na nini mkononi. Mtu aliyekopa mbegu na mbolea kisha mvua ikamkosea haonekani sawa na mtu aliyechukua bidhaa za mwenziwe, akaziuza, akala fedha na kuhama soko. Mtu aliyejibu barua za madai haonekani sawa na aliyezitupa jikoni.

Na tufikirie mkulima mmoja wa mfano, ambaye amehukumiwa kulipa Sh 120,000, gharama za shauri zikiwa ndani yake. Hukumu haikutaja kiasi cha riba. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai inasema kwamba hukumu ikinyamaza juu ya riba, hesabiwa kana kwamba korti imeamuru riba ya asilimia 6 kwa mwaka. Kwa Sh 120,000, riba hiyo ni Sh 7,200 kwa mwaka, yaani Sh 600 kila mwezi.

Mkulima huyu akienda kortini na kusema, "Nitalipa Sh 500 kila mwezi," huenda akajiona mnyenyekevu. Lakini hesabu inamshitaki. Kila mwezi riba inaongeza Sh 600 naye anapunguza Sh 500. Mwaka ukiisha atakuwa ametoa Sh 6,000, na deni litakuwa limepanda hadi Sh 121,200. Hata kama riba isingekuwapo, Sh 120,000 kwa Sh 500 ni miezi 240, yaani miaka 20. Hakimu hawezi kumwambia mdai angoje miaka 20. Ombi kama hilo hutupwa, na halali kutupwa.

Mkulima huyo huyo akienda kwa njia nyingine, mambo hubadilika. Kabla ya siku ya ombi anauza fahali mmoja na kupata Sh 36,000, naye anazipeleka zote. Zimebaki Sh 84,000. Anaonyesha karatasi za chama cha maziwa: kila mwezi hupokea Sh 18,000. Anaandika chakula cha ng'ombe, dawa, karo na unga wa nyumbani, na kuona kwamba hubakiwa na Sh 8,500. Anaahidi Sh 7,000 kila mwezi kwa miezi 12, na Sh 1,500 anaziacha kwa ajili ya ng'ombe atakayeugua. Kwa kuwa deni linashuka kila mwezi, riba ya asilimia 6 kwa mwaka huo mzima haizidi Sh 2,730. Ombi la namna hii lina uso. Mdai anaona mwisho wake, na hakimu anaona kwamba mtu huyu hakuja kununua muda.

Jambo la kushikwa ni hizo Sh 1,500 zilizoachwa. Wadeni wengi, kwa aibu au kwa hofu, hutaja kiasi kikubwa ili kumfurahisha hakimu, kisha mwezi wa tatu wanashindwa. Kwa kawaida amri ya mafungu hubeba sharti kwamba fungu moja likikosekana, deni lote lililobaki huwa la kulipwa mara moja, na mdai anaweza kuendelea na utekelezaji. Basi anayeahidi Sh 12,000 akalipa mara mbili tu ana hali mbaya kuliko aliyeahidi Sh 7,000 akazilipa mara 12. Ahadi ni deni, na ahadi iliyotolewa mbele ya korti ni deni juu ya deni.

Si lazima mafungu yawe ya kila mwezi. Mkulima wa kahawa hapati fedha kila mwezi kama karani, na mkulima wa mahindi hungoja mavuno. Huyo aseme hivyo waziwazi. Aonyeshe karatasi za malipo ya misimu iliyopita na aombe mafungu makubwa yaangukie miezi ambayo fedha hufika, na madogo katikati. Mkulima wa majani chai anayelipwa kidogo kila mwezi na kupata malipo ya ziada mwishoni mwa mwaka wa mauzo, aweza kuomba mpango unaofuata njia hiyo hiyo. Korti ina uwezo wa kupanga. Lakini haiwezi kujua msimu wa shamba la mtu ikiwa mwenyewe hakusema.

Karani naye ana hesabu yake. Yampasa alete karatasi ya mshahara yenye makato yote: kodi, bima, mkopo wa chama cha akiba. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007 hairuhusu jumla ya makato yazidi theluthi mbili za mshahara. Ikiwa mikopo mingine imekwisha kula sehemu kubwa, hakimu aone kwa macho yake. Lakini karani asisahau kwamba karatasi hiyo ina pande mbili. Ikionyesha kwamba mwezi uliopita, baada ya hukumu, alichukua mkopo mpya wa kununua gari, atakuwa amejichimbia shimo mwenyewe.

Ombi huandikwa na kuambatana na hati ya kiapo. Hati ya kiapo si barua ya kulia. Ni maelezo ya kweli ya mali, mapato, watu wanaomtegemea mdeni, na madeni mengine, pamoja na karatasi za kuyathibitisha. Kuficha shamba la pili au plau iliyowekwa kwa shemeji ni hatari, kwa kuwa mdai huwa ni jirani na anajua. Mdai anayo haki ya kujibu kwa kiapo chake, na uongo mmoja ukifichuliwa, hata yale yaliyo kweli hayaaminiwi tena.

Wengine huuliza kwa nini mtu ajisumbue hivyo, na asingoje tu. Jibu liko katika yale yanayofuata ukimya. Mdai anaweza kuomba hati ya kushika mali. Dalali aliye na leseni huja na kuandika mali, akitaja thamani ya kila kitu, na kumpa mwenyewe ilani ya siku 7 ya kukomboa. Siku hizo zikipita, mali huchukuliwa na kuuzwa mnadani. Kwa ardhi, ilani ni ya siku zisizopungua 45. Sheria humwachia mdeni vitu kadha: nguo, vyombo vya kupikia, vitanda na matandiko ya jamaa yake, zana za lazima za kazi yake, na kwa mkulima, sehemu ya mifugo na zana kwa thamani iliyowekwa kisheria, pamoja na mazao ya lazima kwa riziki yake. Lakini thamani hiyo ni ndogo kwa bei za sasa, na haimlindi ng'ombe wa maziwa aliye mzuri.

Tena mnada haujali historia ya ng'ombe. Mnyama aliyelelewa miaka minne huuzwa kwa dakika chache kwa bei anayoitaka mnunuzi, kisha ujira wa dalali na gharama za kusafirisha huongezwa juu ya mdeni. Yule aliyeuza fahali wake mwenyewe sokoni, kwa siku aliyoichagua, alipata bei. Yule aliyeuziwa hakupata bei, na pengine bado anadaiwa.

Liko pia jambo la kifungo. Sheria ya Kenya bado inaruhusu mdeni wa hukumu ya madai afungwe, lakini mlango huo umefanywa mwembamba. Kenya imejifunga tangu mwaka 1972 kwa Mkataba wa Kimataifa wa Haki za Kiraia na za Kisiasa, ambao kifungu chake cha 11 kinakataza mtu kufungwa kwa sababu tu ya kushindwa kutimiza wajibu wa mapatano. Mwaka 2010 Jaji Martha Koome wa Mahakama Kuu alikitegemea kifungu hicho kuzuia kifungo cha mdeni. Mwaka 2012 Jaji David Majanja alieleza kwamba sheria ya kifungo haikufutika, lakini haiwezi kutumiwa juu ya mtu asiyeweza kulipa; yafaa itumiwe juu ya yule anayeweza na hataki, na baada ya kupewa nafasi ya kujieleza.

Msomaji aangalie tofauti hiyo vizuri. Anayeitwa kortini kueleza kwa nini asifungwe, akaenda na hesabu zake na fungu la kwanza mkononi, amejiweka upande wa wasioweza kulipa kwa mara moja. Asiyekwenda amewaachia wengine waseme kwa niaba yake kwamba hataki. Na mtu asidhani kwamba kulala gerezani ni kulipa. Mdeni akitoka, deni lake humngoja nje.

Mdai naye ana la kufikiri. Ni kweli kwamba ana haki ya kupata fedha zake upesi, naye si lazima awe tajiri. Pengine ni mwenye duka dogo aliyetoa unga kwa mkopo, na yeye mwenyewe anadaiwa na mwenye ghala. Pengine ni mjane aliyekodisha shamba la marehemu na karo ya watoto inamngoja. Watu hawa hawapaswi kulazimishwa kuwa benki ya wengine. Ikiwa mafungu yanayoahidiwa ni ya dhihaka, wapinge, na waeleze hasara yao kwa kiapo.

Lakini ikiwa mafungu ni ya haki, mdai apime kabla ya kukataa. Anayetaka mdeni afungwe hutakiwa kutoa fedha za kumlisha huko gerezani, na mtu aliye ndani hakamui ng'ombe. Anayetaka mnada hutanguliza gharama, na akikuta nyumbani hakuna kitu cha thamani, amepata hasara mpya. Sh 7,000 zinazofika kila mwezi kwa mwaka mmoja ni bora kuliko hati nzuri isiyoleta hata senti. Haba na haba hujaza kibaba, ikiwa kibaba hakina tundu. Mdai aweza kuziba tundu hilo kwa kuomba riba, dhamana, na sharti la fungu likikosekana.

Wakikubaliana wenyewe ni vizuri zaidi. Makubaliano yaandikwe, yatiwe sahihi na pande zote mbili, na yapelekwe kortini yaingizwe katika jalada yawe amri. Mapatano ya chini ya mti, yasiyojulikana kortini, huwaponza wengi: mdeni hulipa, mdai husahau au hufariki, na warithi huja na hukumu ya asili wakidai yote. Mahakama ya Madai Madogo, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2016 na ambayo husikiliza madai yasiyozidi Sh 1,000,000, inafaa sana kwa watu wa namna hii, kwa kuwa mtu aweza kusimama mwenyewe na kusema shauri lake kwa lugha nyepesi.

Baada ya amri kutolewa, kazi ya mdeni ni moja, nayo ni kushika tarehe. Alipe kwa njia iliyotajwa katika amri, iwe ni kortini, benki, au kwa mdai mwenyewe. Kila mara achukue risiti yenye tarehe, kiasi na namba ya shauri. Akilipa kwa simu, ujumbe uhifadhiwe na unakiliwe katika daftari, kwa maana simu huibiwa na daftari hukaa. Fedha zinazolipwa nje ya korti yapasa zijulishwe korti; mdai asipofanya hivyo, mdeni mwenyewe aweza kuomba ziandikwe. Na ikitokea ng'ombe kufa, mtoto kulazwa au mshahara kuchelewa, arudi kortini kabla ya tarehe, wala asingoje ipite. Hakimu humsikiliza anayekuja kuomba kubadilishiwa fungu. Anayeletwa na askari husikilizwa kwa shida.

Liko neno la mwisho, nalo halimo katika kanuni yoyote. Wanaume wengi huficha hukumu za deni kwa wake zao. Karatasi huwekwa chini ya godoro, na mama wa nyumbani huijua habari siku dalali anapofungua zizi, mume akiwa safarini. Huo si ulinzi wa jamaa. Mapato yanayohesabiwa katika hati ya kiapo mara nyingi ni kazi ya mikono ya mke: yeye ndiye anayekamua, anayechuma majani chai, anayepima unga wa juma. Kiasi cha fungu la kila mwezi hakiwezi kujulikana bila yeye, wala hakiwezi kulipwa bila yeye. Kukopa harusi, kulipa matanga, walisema wahenga. Na matanga hayakaliwi na mtu mmoja. Mume, mke na watoto walio wakubwa na wakae pamoja jioni moja, wahesabu kwa penseli na karatasi, na wakubaliane kiasi ambacho nyumba yao inaweza kukibeba mwezi baada ya mwezi. Kiasi hicho ndicho cha kupelekwa kortini.